Mkataba uliisha katikati ya korona, mzigo wakaupokea, sasa wanasema hawanidai wala siwadai, ila faini wanakata

MzabuniMdogo
Wakuu habari zenu, naombeni mawazo hasa kwa wanaojua manunuzi ya umma. Nilishinda zabuni ya kupeleka magodoro na shuka za wagonjwa kwenye hospitali moja ya umma, mkataba tukasaini Novemba 2019, miezi 12. Awamu mbili za mwanzo nilipeleka na nikalipwa bila shida. Ikaja korona, kiwanda ninachochukulia mzigo kikafungwa, kilipofunguliwa wakaanza na oda za zamani kwanza, na ya kwangu ilipotoka kontena likakaa bandarini wiki na wiki. Mwanzoni mwa Aprili 2020 nikaandika barua kuomba miezi sita ya nyongeza, masjala wakaigonga muhuri nikabaki na nakala, jibu sijapata mpaka kesho. Nikawa nampigia ofisa manunuzi ananiambia usijali we leta tu, hali tunaielewa. Mzigo wa mwisho nimeufikisha Januari 2021, stoo wakahesabu wakapokea. Kwenye malipo ndo naambiwa mkataba ulishakufa Novemba kwa hiyo ankara yangu haina msingi, na papo hapo wananikata fidia ya ucheleweshaji na wanaitaka benki ilipe dhamana yangu ya utekelezaji, ile hela benki iliyoahidi kuwalipa endapo nitashindwa kazi. Usuluhishi ulikwama, sasa tunaelekea mahakamani. Mkataba uliokufa unatozaje faini jamani?

NilikuwaManunuzi
Pole sana mkuu. Nimekaa upande wa mnunuzi miaka mingi, ngoja nikwambie ukweli hata kama hautakufurahisha. Hiyo hoja ya "uliokufa unatozaje faini" usiitegemee. Mkataba kuisha muda hakufuti yaliyotokea ukiwa hai, kama tarehe ya kupeleka ilipita mkataba ukiwa bado upo basi faini ilishaanza kuhesabika. Ila kanuni hiyohiyo inakubeba na wewe, maana barua yako nayo iliingia mkataba ukiwa hai, na wao wakaikalia. Hapo ndo pa kukomaa.

Simu za ofisa achana nazo. Ofisa manunuzi hana mamlaka ya kuongeza muda kwa mdomo, nyongeza inapitia kamati au bodi ya zabuni, inaandikwa, inasainiwa KABLA mkataba haujaisha. Ukishaisha hakuna cha kuongeza tena, hapo ni zabuni mpya. Wazabuni wengi waliumia kipindi kile kwa kuamini "usijali", na maofisa wengine hawakuwa na nia mbaya kabisa, ofisi zilikuwa nusu ya watu wako nyumbani, kamati hazikai, mafaili yamelala mezani.

HakiSawa
Mi nitasema tofauti kidogo. Naelewa machungu ya muuliza swali ila tukumbuke na wale walioshindwa zabuni. Mimi niliwahi kukosa zabuni ya usambazaji, aliyeshinda akaongezewa muda mara tatu kwa jina la korona na kila nyongeza inakuja na bei mpya na idadi mpya, mwisho mkataba umekuwa mwingine kabisa na sisi wengine hatujapewa nafasi ya kushindana. Kuongeza muda kwa mzigo uleule bei ileile sina neno. Kubadilisha bei ndo kesi zinapoanzia. Wewe uliomba muda tu au na bei?

MzabuniMdogo
Muda tu ndugu yangu. Bei sikugusa hata senti na kwenye ule mzigo nilipata hasara.

Wakili_Mtaani
Hapo umejisaidia sana. Mahakama nyingi haziangalii kama kulikuwa na janga, hilo kila mtu analijua, zinaangalia kama janga ndilo lililokuzuia WEWE kupeleka mzigo HUU. Ugumu au hasara peke yake haitoshi. Kuna kesi ya Uingereza ya 1956, Davis Contractors na Fareham, mkandarasi alitakiwa ajenge nyumba 78 kwa miezi 8 ikamchukua 22 kwa uhaba wa mafundi, akasema mkataba ulivunjwa na hali, majaji wa Bunge la Mabwana, iliyokuwa mahakama ya juu kule wakati ule, wakamkatalia, wakasema kazi kuwa ngumu na ghali kuliko ulivyopanga sio sababu. Kwa hiyo lete ushahidi wa kiwanda kufungwa na wa kontena lako, sio habari za dunia.

Pili ni tarehe. WHO walitangaza dharura 30 Januari 2020, na 11 Machi wakaiita janga la dunia. Wewe ulisaini kabla, kwa hiyo hawawezi kukwambia ulijua. Aliyeweka zabuni katikati ya mwaka ule ana mlima wa kupanda.

Kuhusu maandishi, Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya Desemba 2023 ilisema makubaliano ya kubadilisha mkataba wa umma yanaweza kuonekana hata kwenye maandishi mengine ya pande mbili, sio lazima hati moja iliyosainiwa. Kwako haifungi mahakama na tena inakata kuwili, maana kwenye kesi ile ilikuwa njia ya kuonyesha mabadiliko yamefanyika kinyume cha sheria. Kwa hiyo mwanasheria wako aweke na dai la pili la kulipwa thamani ya mzigo walioupokea na kuutumia, ili dai la mkataba likianguka usitoke mikono mitupu.

Halafu dhamana!! Hiyo ndo ya leo sio ya kesho. Nyingi benki inalipa ikidaiwa tu bila kuuliza nani mkweli, kimbilia zuio la mahakama kabla hawajalipa. Na soma kifungu cha majanga yasiyozuilika, kinataka taarifa ndani ya siku ngapi?

MzabuniMdogo
Nimekisoma usiku huu, siku 14. Barua ya kiwanda kufungwa ni ya tarehe 24 Machi, yangu imegongwa muhuri 3 Aprili, niko ndani. Na hati ya makabidhiano nimeichimbua kwenye faili, chini kabisa mtunza stoo kaandika kwa peni "imepokelewa kamili, haina kasoro", kasaini na tarehe kaweka, Januari 2021. Sikuwahi kuyatilia maanani yale maneno.

Wakili_Mtaani
Hiyo karatasi isitoke mkononi mwako, toa kopi zithibitishwe. Ya benki asubuhi na mapema.