Kunde zimejaa vidukari, lakini kuna wadudu wengine siwaelewi. Nipige dawa au nisubiri?

Mche Mbichi (mleta mada)

Habari zenu wakuu. Nina shamba dogo la kunde, zimeanza kutoa maua. Ncha changa na vikonyo vya maua vimefunikwa na vidukari weusi kiasi kwamba kwingine ukijani hauonekani kabisa. Majani ya chini yananata na kung'aa, na sisimizi wanapanda na kushuka kutwa nzima.

Kinachonichanganya ni viumbe wengine waliomo humo humo. Kuna vidukari waliovimba na kuwa rangi ya kahawia, wakavu kama karatasi, ukiwagusa hawatikisiki. Kuna mdudu mrefu mweusi mwenye miguu sita, madoa ya rangi ya machungwa na vijiba vya miiba mgongoni, anatisha kidogo. Halafu kuna kitu kama funza wa kijani, hana miguu, anajiburuta tu.

Ndugu yangu ninayelima naye anataka tupige dawa leo leo, wafe wote. Mimi nasita. Hao watatu ni waharibifu au la? Naombeni ushauri.

Kengele

Piga dawa mkuu. Kidukari hana mazungumzo. Leo ni ncha tatu, wiki ijayo ni shamba zima. Mdudu ni mdudu.

Bi Mkubwa wa Bustani

Kengele, taratibu baba. Mche Mbichi, hao watatu wote wako upande wako.

Mwenye miiba ni mtoto wa mdudu kibibi, yule wa mviringo mwekundu mwenye madoa meusi. Watu wanamjua mama, wanampenda, halafu wanamuua mtoto kwa sababu ana sura mbaya. Na mtoto ndiye mlaji hasa. Funza asiye na miguu ni wa nzi-maua, yule nzi mwenye milia ya njano anayeelea hewani mbele ya ua bila kusogea. Huyo funza haoni, anapapasa; akimgusa kidukari anamnasa, anamnyanyua juu na kumfyonza mpaka ibaki ngozi. Mmoja anaweza kumaliza mamia kabla hajageuka kuwa nzi.

Hao waliovimba sasa. Kuna vinyigu vidogo sana, urefu wa milimita mbili hivi. Jike anakunja tumbo lake kupitia katikati ya miguu, anamchoma kidukari na kumwachia yai moja ndani. Yai likianguliwa, mtoto anakula kidukari kutokea ndani, mwishowe ngozi inakauka na kuwa ganda gumu. Ganda hilo huitwa mumia. Nyigu mpya akikomaa anatoboa tundu na kutoka. Kwa hiyo kila ganda la kahawia uliloliona ni kidukari aliyekwisha kufa na nyigu aliye njiani.

Kengele

Sawa, nimejifunza. Lakini kama walinzi wapo, mbona kunde zimejaa? Walikuwa wapi siku zote?

Darubini

Swali zuri, na jibu lake ni hesabu ya kuzaliana. Kidukari jike wakati wa joto hahitaji dume. Anazaa watoto hai, wote majike, na ndani ya matumbo ya watoto hao mimba za wajukuu zimeshaanza kukua. Hali ikiwa nzuri, mtoto anaanza kuzaa baada ya kama wiki moja. Kibibi kutoka yai hadi kuwa mdudu kamili anachukua wiki tatu mpaka nne. Halafu kibibi jike hatagi mayai mahali pasipo na vidukari, maana watoto wake watakufa njaa. Lazima mlaji achelewe. Kwa hiyo kuna kipindi ambacho shamba linaonekana limeshashindwa, ilhali mayai ya walinzi yako chini ya majani yakisubiri kuanguliwa. Ni kipindi hicho hicho watu wanakimbilia bomba la dawa.

Na dawa inayoua kila kitu haiui kwa usawa. Kidukari ametulia sehemu moja, mara nyingi chini ya jani au ndani ya ncha iliyokunjamana ambako dawa haifiki vizuri. Mlaji anatembea mmea mzima akitafuta chakula, anakanyaga dawa kila mahali, tena anakula mawindo yenye sumu. Wakibaki vidukari wachache baada ya hapo, wanazaliana bila mtu wa kuwasumbua. Kesi maarufu ni ya michungwa ya California. Mwaka 1888 walileta aina moja ya kibibi kutoka Australia kupambana na wadudu gamba weupe waliokuwa wanaua miti, na tatizo likaisha kwa muda mfupi. Miaka ya 1940 dawa ya DDT ikaanza kutumika huko. Ikawaua kibibi, na wadudu gamba wakarudi kwa kishindo mpaka kibibi waliporudishwa.

Kengele

Na virusi je? Vidukari wanaleta ugonjwa wa majani kuwa na mabaka. Ukisubiri kibibi akue, mmea umeshaugua.

Darubini

Hapo una hoja, ila dawa haikusaidii unavyofikiri. Virusi vingi vya mabaka vya jamii ya kunde vinaingia kidukari anapoonja tu mmea, jambo la sekunde au dakika chache. Sumu nyingi haziwahi kumuua kabla hajaonja. Zaidi ya hapo, waenezaji wabaya ni wenye mabawa wanaopita mmea hadi mmea, na hao wanakuja kutoka nje ya shamba. Mbegu safi na aina inayostahimili ndiyo kinga ya virusi.

Nitakubaliana nawe kwenye jambo moja: mche mchanga. Mmea wenye majani mawili matatu ukivamiwa hivyo unaweza kufa kwa kunyonywa tu, bila virusi. Hapo sisemi mtu akae amekunja mikono. Lakini mleta mada ana mimea inayotoa maua na walinzi tayari wamo.

Mche Mbichi

Nashukuru sana wakuu. Sasa sisimizi wao wana kazi gani? Wanawala vidukari au?

Bi Mkubwa wa Bustani

Laiti wangekuwa wanawala! Hao ndio tatizo lako kubwa kuliko vidukari wenyewe.

Maji ya mmea anayonyonya kidukari yana sukari nyingi na protini kidogo. Ili apate protini ya kutosha inabidi anywe kupita kiasi, sukari inayobaki anaitoa nyuma. Ndiyo huo unato kwenye majani ya chini, na usipooshwa unaota ukungu mweusi. Sisimizi wanaufuata huo utamu, na kwa malipo wanafukuza kibibi, wanang'ata funza wa nzi-maua, wanawabughudhi vinyigu. Wazuie sisimizi uone mambo yatakavyobadilika.

Darubini

Naongezea kidogo kwa sababu jambo hili linanifurahisha. Wapo vinyigu ambao ngozi yao imebeba harufu inayofanana na ya vidukari. Sisimizi wanawapapasa kwa vipapasio na kuwaacha waendelee kuchoma. Zaidi ya hapo, mumia zao zinapata ulinzi wa bure wa sisimizi hao hao.

Mche Mbichi

Nawazuiaje sasa? Kunde si mti niupake gundi shinani.

Mkono wa Jembe

Tafuta kichuguu chao kilipo, mara nyingi ni ukingoni mwa shamba, kivuruge mara kwa mara. Ondoa majani na magugu yanayogusana na kunde, hayo ni madaraja. Ncha zilizojaa kabisa zisizo na mumia wala mtoto wa kibibi, zikate uzitoe nje. Zilizobaki zipige maji ya nguvu asubuhi. Kidukari akianguka chini wengi hawarudi. Maji ya sabuni nayo yanaua, lakini yanaua kila anayelowa, hata kibibi mchanga, kwa hiyo elekeza kwenye vidukari tu, usinyunyizie shamba zima.

Na kama uliweka urea nyingi, acha kwa sasa. Nitrojeni ikizidi, maji ya mmea yanakuwa na lishe zaidi na vidukari wanazaa zaidi. Pembeni acha giligilani zichanue, nzi-maua wakubwa wanakula chavua na nekta, hawali vidukari.

Kengele

Basi kila mtu asubiri tu siku zote? Mbona vidung'ata wa muhogo walimaliza mashamba ya watu?

Darubini

Hapana, si siku zote. Vidung'ata wale walitoka Amerika Kusini wakaingia Afrika miaka ya 1970 bila adui wao. Hapakuwa na wa kumsubiri. Ilibidi nyigu wao atafutwe kwao. Alipatikana Paraguay na kuanza kuachiliwa Nigeria mwaka 1981, akasambaa nchi nyingi na mihogo ikapona. Kwa Mche Mbichi adui yupo tayari, amemuona kwa macho yake.

Mche Mbichi

Nimezungumza na ndugu yangu. Amekubali nusu: upande wake atapiga dawa, upande wangu nitafanya mlivyosema. Swali la mwisho. Mumia nyingine zina tundu la mviringo safi, nyingine tundu lenye kingo zilizochanika. Kuna tofauti?

Darubini

Ipo. Tundu safi, wakati mwingine na kifuniko kilichobaki kimening'inia, ni la nyigu wako. Lenye kingo chakavu mara nyingi ni la nyigu mwingine anayemla nyigu wako akiwa ndani ya ganda. Hesabu zote mbili. Chakavu zikiwa nyingi kuliko safi, tegemea zaidi kibibi na nzi-maua. Na muombe ndugu yako apige dawa wakati hakuna upepo, tena aache mistari kadhaa kati ya upande wake na wako bila kupiga, vinginevyo dawa itafika kwako na hutakuwa na cha kulinganisha.