Fundi wa laptopu, "SI HII HAPA?" ndiyo bakapu?

MamaWaBustani:

Wakuu, naandika mikono inatetemeka. Mod naomba msinifutie, roho imechafuka.

Kuna fundi hapa mjini, simtaji, mnamjua. Yule wa ghorofani, meza imejaa kibodi zilizong'oka vitufe, anaongea na wateja watatu kwa mpigo huku bisibisi iko mdomoni. Nusu yenu humu laptopu zenu zimepita mikononi mwake na mkalia kimyakimya. Mimi kimya siwezi.

Laptopu yangu ilikuwa nzito, ukiiwasha unaweza kuinjika maharage yakaiva ndipo ifike kwenye desktopu. Nikampelekea apige Windows upya. Nikamwambia kwa kinywa changu, mbele ya watu: kuna picha za harusi ya mdogo wangu, kuna vyeti, na kuna GEMU LANGU. Gemu nililitaja mwisho na kwa sauti, makusudi, lisije likasahaulika. Akaniambia, "Ondoa shaka mama, nabakapu kila kitu." Yaani ananakili vyote pembeni kabla hajafuta.

Leo nimekwenda kuchukua. Nimelipa kwanza, ndiyo nikauliza, na gemu? Mtu mzima, ana ndevu, anachomeka flashi, anafungua folda, ananyoosha kidole kwenye kile kipicha cha gemu chenye kimshale pembeni, anasema:

"SI HII HAPA?"

Si hii hapa! Kimshale! Kilobaiti mbili! Kile kipicha kazi yake ni kuelekeza tu gemu lilipokaa kwenye diski, na diski ameshaifuta yeye mwenyewe kwa mikono yake. Ni kama kubomolewa nyumba halafu ukakabidhiwa kibao cha anwani. Nikakibonyeza mbele yake, Windows ikasema kinachotafutwa hakipo. Akaniangalia mimi, siyo skrini, akasema, "Basi pakua tena mama, si gemu tu." Vijana waliokuwa wanasubiri simu zao wakacheka mpaka mmoja akakaa chini.

Nipakue tena NINI? Kulipakua Plants vs. Zombies, lile gemu la kupanda mimea izuie mazombi, kila mtu anajua. Ninalolilia ni la kwangu, lile la 2009, nilipofika. Hatua zote 50 nimezimaliza, mchana mbele ya nyumba, usiku, bwawani, kwenye ukungu, mpaka juu ya paa kwa yule daktari wao na roboti lake. Michezo midogo yote 20. Mafumbo. Alizeti ya dhahabu, ambayo hupewi mpaka umemaliza vikombe vyote, hakuna njia ya mkato. Bustani yangu ya mimea nilikuwa naimwagilia kila jioni nikitoka kazini. Na humo humo kulikuwa na jina la binti yangu, alilifungua akiwa darasa la pili, sasa yuko chuo. Akirudi likizo tunalifungua tunacheka jinsi alivyopanga njegere zake. Hilo ndilo limefutwa, halafu naonyeshwa kimshale naambiwa si hii hapa.

Nimempigia mpwa wangu anayesoma mambo ya kompyuta. Akaniambia, shangazi, maendeleo ya hilo gemu yanakaa C:\ProgramData\PopCap Games\PlantsVsZombies\userdata. Humo kuna users.dat yenye majina ya wachezaji, kisha user1.dat, user2.dat, kila mchezaji na yake. Folda nzima ni ndogo kuliko picha moja ya simu. Sekunde moja kuinakili! Filamu za kihindi nilizokwisha kuziangalia amezibeba zote, hata ile iliyoishia katikati, ila kifolda kisichozidi picha moja kimemshinda. Kwa sababu ProgramData imefichwa, na yeye asichokiona kwake hakipo duniani.

Na ananiambia SI HII HAPA.

Kiboko_ya_Mende:

Mama mzima unalilia alizeti za kwenye kompyuta. Nilivyoona kichwa cha habari nilidhani umefutiwa vitabu vya hesabu vya kampuni. Uzi ufungwe.

MamaWaBustani:

Wewe Kiboko juzi ulifungua uzi kulilia timu yako kufungwa, kurasa nane. Niache na alizeti zangu.

Bin_Soldering:

Mimi ni fundi, nitetee kidogo. Mteja akisema bakapu, sisi tunabeba Desktopu, Documents, Downloads, Pictures, Videos. Hiyo ndiyo bakapu ya mtaani. Hakuna fundi wa elfu kumi na tano atakayeingia kuchokonoa folda zilizofichwa akijua nyuma kuna laptopu sita zinasubiri. Mteja aseme faili liko wapi.

Mjukuu wa Bi Mkubwa:

Bin_Soldering acha hizo. Mteja akijua faili liko wapi anakuja kwako kufanya nini? Gari nalo tukuchoree injini ilipo?

Ila mama, nikwambie ukweli, hizi gemu zenyewe hazina adabu, kila moja inalala inapojisikia. Zamani za Windows XP gemu ndogo nyingi zilikuwa zinaandika maendeleo pale pale zilipowekwa, ndani ya Program Files. Ilipokuja Windows Vista baada yake, programu ya kawaida ikakatazwa kuandika humo, basi Windows ikawa inayachukua kimyakimya na kuyahamishia kwenye AppData\Local\VirtualStore. Mtu anafungua Program Files anakuta patupu, anadhani kaibiwa. Nyingine zikahamia ProgramData kama hiyo yako. Minecraft ya Java iko AppData\Roaming, ndani ya .minecraft\saves. Stardew Valley iko Roaming hiyo hiyo, folda StardewValley\Saves. Terraria imejiweka Documents\My Games. Na kuna nyingine hazina hata faili, zimeandika kwenye rejista ya Windows, pale inapotunza mipangilio yake, huko hata ukitembea na taa huoni.

Tena Microsoft tangu Vista wameweka folda kabisa inaitwa Saved Games, iko kwa kila mtumiaji. Fungua yako uone, nusu ya watu humu ni tupu.

Mzee_Cheat_Code:

GTA San Andreas iko Documents, GTA San Andreas User Files. Ndiyo maana mafundi wanajiona wanajua bakapu, vijana wote wakirudi wanakuta CJ wao, yule jamaa wa kwenye gemu, yupo salama. Kumbe ni bahati ya gemu, siyo ufundi.

MamaWaBustani:

ASANTE. Yaani vijana wa kuiba magari wanarudishiwa yao, mimi ninayepanda maua naonyeshwa kimshale.

Nuru_ya_Kibodi:

Mama samahani, swali la haraka kabla hujaendelea kupandwa na presha. Alifomati, yaani alifuta diski yote, au alipiga Windows juu ya ile ya zamani? Kama hakufomati, fungua C, kuna folda inaitwa Windows.old. Ndani yake kuna ProgramData ya zamani na Users ya zamani, vyote. Wahi, baada ya siku 10 hivi Windows huifagia yenyewe. Na kama alifomati, izime hiyo laptopu SASA. Usipakue kitu, usiweke kitu. Kama ina diski ya zamani ya kuzunguka, mtu mwenye Recuva, programu ya kufufua vilivyofutwa, anaweza kuichomeka kwenye mashine nyingine akatafuta hizo .dat. Kama ni SSD, zile diski mpya zisizozunguka, matumaini ni madogo, ile huwa inasafisha yenyewe vilivyofutwa.

MamaWaBustani:

Windows.old haipo. Ni SSD, aliniuzia yeye mwenyewe mwaka jana.

Halafu sikilizeni. Nimemwandikia WhatsApp sasa hivi, kwa heshima zote: fundi, ulifomati? Hajajibu neno. Ametuma picha. Amepiga picha skrini ya ile folda ya flashi, akachora DUARA JEKUNDU kwenye kimshale. Chini ameandika "si hii hapa mama".

Duara jekundu wakuu. Amekaa chini akatafuta rangi nyekundu.

Binti_Mnazini:

Hahahaaa nimemwaga chai. Duara!!

Kiboko_ya_Mende:

Hapo sasa hata mimi nimekasirika. Uzi usifungwe.

Dogo_PPSSPP:

Afadhali nyie wa kompyuta mnajua pa kulalamika. Mimi gemu zangu za PSP, ile mashine ya gemu ya mkononi, ziko kwenye simu, maendeleo yanakaa folda PSP\SAVEDATA. Fundi wa simu akanirudishia simu ikiwa nyeupe pee, anasema alikuwa anaondoa virusi. Ligi yangu yote, misimu na misimu, nilikuwa nimemnunua kila mtu. Na gemu za kawaida za simu ndiyo usiseme, zinajificha Android\data, na kuanzia Android 11 ukitaka kuingia humo kwa programu ya faili ya kawaida unafungiwa mlango. Bakapu utaifanyia wapi?

Mzee_Cheat_Code:

Dogo wewe ulikuwa na virusi kweli, tunajua unavyopakua.

Shemeji_wa_Dodoma:

Mimi aliyeniua siyo fundi, ni mke wangu. Nilikuwa na gemu la shamba la kwenye brauza, zile za Flash, programu ya zamani iliyokuwa inachezesha gemu kwenye brauza. Maendeleo yake yalikuwa vifaili vya .sol, vimezikwa AppData\Roaming\Macromedia\Flash Player huko chini kabisa. Yeye kaweka programu ya kusafisha kompyuta, kabonyeza safisha, ikamwambia umeokoa nafasi, akafurahi. Ng'ombe wangu wote. Nikaanza upya, nikafika mbali kuliko mwanzo, tarehe 31 Desemba 2020 Flash yenyewe ikafungwa. Nilizika mara mbili.

Binti_Mnazini:

Kwa hiyo mke hana kosa, ng'ombe wangekufa tu.

Shemeji_wa_Dodoma:

Wangekufa kifo chao, siyo kuchinjwa na mtu wa ndani.

MamaWaBustani:

Shemeji pole, ila turudi kwenye mada. Mtu ananiambia SI HII HAPA, halafu kesho yuko pale pale anapokea laptopu ya mwingine. Nani atamwambia ProgramData ipo? Windows imempa alama ya kuonyesha vilivyofichwa, iko pale juu kwenye View, vema moja tu inatosha. Vema moja! Binti yangu bado hajui, sijui nitaanzaje kumwambia.

Mjukuu wa Bi Mkubwa:

Mama muulize binti kama amewahi kulinakili gemu kwenye laptopu yake. Watoto hawa wanajua. Kama alicheza huko, user yake ipo kwenye ProgramData ya mashine yake.

MamaWaBustani:

Nimempigia, hapokei, yuko kwenye mtihani. Nangoja.

Chuma_Chakavu:

Samahani nimechelewa. Huyu fundi ni yule wa ghorofani mwenye pazia la kijani? Mimi nilimpelekea laptopu ina RAM, ile kumbukumbu ya kufanyia kazi, ya GB 8, imerudi ina 4. Nikamuuliza, akasema Windows mpya inakula.

Bin_Soldering:

Windows haili RAM mpaka ikabadilika namba kwenye Properties. Hapo uliibiwa.

Chuma_Chakavu:

Akaniambia nisubiri itarudi.

Dogo_PPSSPP:

Wa pazia la kijani siyo huyo, wa kijani ni kaka yake. Huyu wa bisibisi mdomoni yuko ngazi ya pili mkono wa kulia.

Kiboko_ya_Mende:

Mkono wa kulia ukipanda au ukishuka? Maana ukishuka kulia kuna anayeuza chaja, na yeye alinipa chaja ya volti siyo.

Binti_Mnazini:

Chaja ya volti siyo iliniunguzia bodi, nikaambiwa ni umeme wa TANESCO.

Chuma_Chakavu:

Jamani hiyo RAM. Nilikuwa na moja ya 8, sasa niongeze 4 juu ya hii 4 au niuze ninunue 8? Aina yake ni DDR4.

Bin_Soldering:

Kwanza angalia una nafasi ngapi za kuchomeka. Nyingine ina moja tu, nyingine ile 4 imegandishwa kwenye bodi.

Chuma_Chakavu:

Ninaangaliaje bila kuifungua?

Nuru_ya_Kibodi:

Task Manager, upande wa Performance, bonyeza Memory, angalia palipoandikwa Slots used.

Chuma_Chakavu:

Imeandika 1 of 2. Kariakoo ya 4 wanauzaje siku hizi?