Mkono wa Kerry Wood ulianza kuharibika lini? Nina mtoto wa miaka 12 anayemuiga

Mwalimu_Jinja

Habari za jioni, ndugu zangu wa besiboli. Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi jirani na kambi ya jeshi hapa Jinja. Uwanjani tunatumia Kiswahili, kwa sababu wazazi wa watoto hawa wametoka kila pembe ya Uganda na Kiswahili ndicho kinachosikika na wote.

Nina kijana wa miaka 12, mrushaji. Baba yake alimwekea kwenye simu mchezo wa Mei 6, 1998, Chicago Cubs na Houston Astros, timu mbili za ligi kuu ya Marekani. Mnaoujua hamhitaji kusimuliwa. Kerry Wood, mtoto wa Texas, alikuwa na miaka 20 na huo ulikuwa mchezo wake wa tano tu kuanza katika ligi kuu. Aliwatoa wapigaji 20 kwa straiki, yaani straiki tatu kwa kila mmoja, na Astros wakapata hiti moja tu, mpigo mmoja uliomfikisha mpigaji beisi. Mirusho 122. Kijana wangu ameutazama hadi anajua ni mpigaji gani anafuata, na ule mpira wa kupinda anajaribu kuutupa hata kwa chungwa.

Wiki mbili zilizopita tulikwenda Lugazi, michezo miwili siku moja. Mimi huhesabu mirusho kwa maharage: kila akirusha, punje moja inatoka mfuko wa kushoto inaingia wa kulia. Asubuhi zilikuwa 74. Mchana mrushaji wetu wa pili aliugua tumbo, wazazi wakawa wanaimba jina la kijana, nami nikamrudisha. Zikaongezeka 57. Jumatatu nikamwona bombani amebeba jerikeni kwa mkono wa kushoto. Nikamwuliza, akasema mkono wa kulia umechoka kidogo. Mtoto huyu hajawahi kubeba kitu kwa kushoto.

Usiku huo nikaanza kutafuta Wood alivyoendelea baada ya ile video, maana video inaishia kwenye shangwe. Nikakuta kwamba mwaka 1999 wote hakucheza, kano ya kiwiko imekatika. Baadaye ikaja misuli ya nyuma ya mkono, halafu bega. Aliingia orodha ya majeruhi zaidi ya mara kumi. Halafu nikakuta jambo lililoninyima usingizi: mwaka 1995 akiwa bado shuleni, siku chache baada ya Cubs kumchagua wa nne katika nchi nzima, alirusha michezo miwili siku moja. Mirusho 175.

Swali langu: mkono ule uliharibika lini? Je, ni siku ya wale 20, au ulikwisha kuharibika shuleni, mbele ya mwalimu kama mimi? Na huyu kijana nimwambie nini?

Boda_Lugazi

Mwalimu, shikamoo. Nilikuwa mrushaji hapahapa Lugazi. Siku timu yetu ya mji huu ilipokwenda Williamsport, Marekani, mwaka 2012, timu ya kwanza kutoka Afrika kucheza fainali za dunia za besiboli ya watoto, ikawafunga Wamarekani wa Oregon 3-2, mimi nilikuwa nyumbani nasikiliza habari zao na kulia kwa furaha. Kila mtoto alitaka kurusha. Mimi nilirusha kila siku. Hakuna aliyehesabu, wala sikumsikia mtu yeyote akisema kuna kitu cha kuhesabu.

Nikiwa na miaka 15 kiwiko kilianza kuuma upande wa ndani. Nikapakwa dawa ya moto, nikarusha. Wiki iliyofuata nikapakwa tena. Kuna siku niliachia mpira nikasikia kama kamba inaachana, vidole viwili vya mwisho vikafa ganzi. Basi.

Leo naendesha boda. Mkono huu wa kulia haunyooki wote mpaka mwisho, na nikishika ekseleta kutoka hapa hadi Mukono wakati wa baridi ya asubuhi, naukumbuka ule mrusho. Kijana wako amekwambia "umechoka kidogo". Nami nilisema hivyohivyo. Mtoto hasemi anaumwa, anaogopa kunyang'anywa mpira.

Viungo_Mbarara

Mwalimu, kazi yangu ni kunyoosha viungo vya watu, nami nakuomba kijana asirushe tena hata mrusho mmoja kabla hajaonwa na daktari na kupigwa picha ya kiwiko.

Sababu ni hii. Upande wa ndani wa kiwiko kuna kano inayoshika mfupa wa juu na wa chini visiachane mkono unapozunguka. Kila mrusho wa nguvu unaivuta karibu na mwisho wa uwezo wake. Kwa mtu mzima ndiyo inayochanika. Kwa mtoto wa miaka 12 mara nyingi kano ni imara kuliko mfupa wenyewe, kwa kuwa mfupa bado una sehemu laini ya kukua, kwa hiyo kinachovutwa na kufunguka ni ile sehemu laini. Ikigunduliwa mapema hupona kwa kupumzika tu. Ikiachwa, mkono unakua umepinda.

Mwongozo wa Marekani kwa umri wa miaka 11 na 12 ni mirusho 85 kwa siku, usizidi. Ukipita 65, siku nne bila kurusha. Zile 74 za asubuhi zilikuwa zimekwisha kumfunga hadi katikati ya wiki.

Kuhusu Wood: kano haina saa inayosema ilianza kukatika lini. Inachanika nyuzi moja moja. Hata msimu ule wa 1998 kiwiko kilimsumbua kabla haujaisha, na ilipofika Machi 1999 ikaachia. Wakamfanyia upasuaji uliobuniwa na daktari Frank Jobe mwaka 1974 kwa mrushaji Tommy John: wanachukua kano sehemu nyingine, mara nyingi karibu na kifundo cha mkono, wanatoboa mifupa ya kiwiko na kuifuma humo. Kupona ni mwaka au zaidi. Tommy John mwenyewe alirudi 1976 akacheza hadi 1989. Lakini hapa kwetu ni nani wa kumfanyia mtoto wa mwanajeshi upasuaji huo?

Cubs_Arua

Naheshimu yote yaliyosemwa, ila Wood anasimuliwa kana kwamba alikufa mwaka 1999. Mei 2, 2000 alirudi, na alipoingia kupiga mara ya kwanza akaupiga mpira ukavuka uzio. Mwaka 2003 aliongoza ligi yake kwa straiki, wapigaji 266. Bega lilipomkatalia mwaka 2006, angeweza kwenda nyumbani na pesa zake. Badala yake alikubali kuwa mrushaji wa kumalizia mchezo, mirusho kumi na tano, ishirini, basi. Mwaka 2008 akalinda ushindi wa timu yake hadi mwisho katika michezo 34. Mwaka 2010, akiwa timu ya Yankees ya New York, katika iningi (vipindi vya mchezo) 26 aliwapa wapinzani pointi mbili tu.

Na siku ya kuaga, Mei 18, 2012: mpigaji mmoja, mirusho mitatu, straiki tatu, anatoka, mwanawe mdogo anamkimbilia na kumkumbatia. Mwonyesheni mtoto na video hiyo.

Halafu kuhusu ile 175: Nolan Ryan, Mtexas mwenzake, aliwahi kurusha mingi kuliko hiyo katika mchezo mmoja na akacheza hadi miaka 46. Si kila mkono ni sawa.

Mwalimu_Jinja

Kaka wa Arua, asante, sikuijua ile ya kuaga. Lakini hilo la Ryan siwezi kulishika. Ryan ni mmoja. Mark Prior alikuwa pamoja na Wood pale Cubs, akashinda michezo 18 mwaka 2003, na mchezo wake wa mwisho wa ligi kuu aliucheza 2006 akiwa na miaka 25. Mimi sina namna ya kujua mkono ulio mbele yangu ni wa Ryan au wa Prior. Ninachoweza kujua ni idadi ya maharage, na siku ile niliijua nikamrudisha.

Ndugu wa boda, yale ya ganzi nilimsomea baba yake kwa sauti. Alikuwa amekuja kunilaumu kwamba namwekea mtoto breki wakati David Matoma, Mganda mwenzetu, amesajiliwa na timu ya Pittsburgh ya ligi kuu ya Marekani kwa kurusha. Alinyamaza. Alhamisi alimpeleka kupigwa picha. Ile sehemu laini imevutika lakini haijafunguka. Wiki sita bila kurusha, kisha tuanze taratibu.

Nilimwonyesha kijana siku ya kuaga. Aliitazama mara mbili bila kusema. Kisha akauliza, "Mwalimu, aliingia orodha ya majeruhi mara zaidi ya kumi, na kila mara alirudi?" Nikamwambia ndiyo. Akauliza kama angeweza kuwa mlinzi wa beisi ya kwanza hadi apone, maana pale ni kudaka zaidi kuliko kurusha.

Jumamosi tunacheza hapa nyumbani. Atakaa karibu yangu, nimempa maharage ayahesabu ya mwenzake. Tumekubaliana kwamba yakifika sitini na tano ataniita, hata kama uwanja mzima unaimba.

Viungo_Mbarara

Mwalimu, baada ya wiki sita niandikie kabla ya mrusho wa kwanza. Nitakutumia mpangilio wa kuanza kurusha kwa umbali wa hatua kumi.