Naomba ushauri: kufundisha lobu (sehemu kuu) za mapafu kwa kutumia mapafu ya mbuzi

Ndugu walimu wa baiolojia hapa Uganda, naomba msaada. Pafu la kulia la binadamu lina lobu 3, la kushoto 2, maana moyo umeegemea kushoto. Mbuzi ana 4 kulia, na ile ya mbele imegawanyika tena, basi wanafunzi huhesabu 5. Nawaelekeza wafuate tawi la bronkasi (njia ya hewa iingiayo pafuni), si mpasuo wa nje: kila lobu ina tawi lake. Ila mchinjaji hukata trakea (bomba la hewa la shingoni) fupi mno, hivyo mrija wa kupulizia hewa mapafuni hauna pa kufungiwa. Kisu kikigusa pafu, hewa yote inavuja. Mnamwagiza akate wapi? Na ini la nguruwe, lenye mipasuo mirefu, lingefaa kuanzia somo la lobu?