Kwa nini Paris walimpigia Wagner vipenga mwaka 1861?

SautiYaNne
Wakuu, habari za jioni. Mimi ni mwanakwaya, naimba sauti ya nne, na mwezi huu mwalimu ametuletea wimbo wa mahujaji kutoka opera ya Tannhäuser ya Wagner, yule mtunzi wa Ujerumani. Wiki ya tatu sasa tunahangaika nao, na sauti ya tatu bado wanashuka pale karibu na mwisho. Juzi akatuambia kwamba opera hiyo ilipopelekwa Paris ilizomewa mpaka Wagner akaiondoa baada ya kuonyeshwa mara tatu tu. Wimbo mtamu vile unazomewaje? Wafaransa hawakuwa na masikio?

MpokeaMakoti
Mkuu, masikio walikuwa nayo. Tatizo lilikuwa chakula cha jioni.

Nimepokea makoti ya watazamaji kwenye jumba la opera hapa Ujerumani kwa misimu minne, kwa hiyo wachelewaji nawajua. Wale wa Paris walikuwa na klabu yao kabisa, Jockey Club, mabwana wenye pesa na majina ya ukoo. Walikula kwanza taratibu, ndipo wakaja opera, sehemu ya kwanza imeshapita. Desturi ya pale ikafuata matumbo yao: baleti iwekwe sehemu ya pili. Baadhi yao walikuwa na wapenzi miongoni mwa wacheza baleti, na mwenye tiketi ya msimu aliruhusiwa kuingia hadi chumba cha nyuma ambako mabinti walinyoosha viungo kabla ya kupanda jukwaani. Muziki kwao ulikuwa kisingizio.

Wagner akaambiwa naye aweke baleti sehemu ya pili. Akakataa. Ngoma aliiweka, tena ndefu, ila mwanzoni kabisa, kwenye pango la Venus, mungu wa kike wa mapenzi, kwa sababu ndipo hadithi ilipoihitaji. Mabwana wanafika wanajifuta midomo, kumbe mabinti wameshamaliza! Usiku wa kwanza, Machi 13, kelele zilikuwepo. Wa pili wakaja na vipenga. Onyesho la tatu likapangwa Jumapili makusudi, siku isiyo ya wenye tiketi za msimu. Wakaja vilevile, na fujo ikasimamisha onyesho kwa dakika nyingi. Mazoezi 164 yakaishia hapo.

Mzee_wa_Gazeti
Ongeza na siasa. Aliyeamuru opera hiyo ionyeshwe ni mfalme mwenyewe, Napoleon III, kwa kuombwa na Pauline von Metternich, mke wa balozi wa Austria. Waliokuwa na kinyongo na ikulu au na Austria wakapata mahali pa kukitolea.

Kapera254
Mbona hawakutafuta machawa wa kushangilia?

MpokeaMakoti
@Kapera254 umenichekesha, lakini machawa walikuwepo, tena kazi rasmi. Miaka ya 1830 mkuu wao pale opera aliitwa Auguste Levasseur. Anahudhuria mazoezi, anakaa na mkurugenzi wanapanga makofi yapigwe wapi na kwa nguvu gani, kisha anapewa rundo la tiketi: nyingine za watu wake, nyingine za kuuza. Waimbaji nao wanampenyezea chochote. Ila makofi ya kulipwa hayafui dafu mbele ya tajiri aliyekosa kumwona mpenzi wake.

Na kumbukeni ukumbi wa siku zile haukuzimwa taa. Watu walitazamana, wakahesabiana vito na kutembeleana kwenye vibanda vyao vya kukalia huku mtu anaimba. Wagner alipojenga jumba lake mjini Bayreuth, huku Ujerumani, likafunguliwa 1876, alitia giza ukumbini na okestra akaificha shimoni, ukose cha kutazama zaidi ya jukwaa. Mimi ningemshukuru kwa hilo. Kwetu mlango ukishafungwa, mchelewaji anasubiri nami kwenye makoti, na hakuna anayenilaumu kwamba sina adabu.

SautiYaNne
Duh. Na huu wimbo wetu, walau huo waliusikiliza?

MpokeaMakoti
Mahujaji wanaorudi kutoka Roma wako mwanzoni mwa sehemu ya tatu. Piga hesabu: chakula kimeisha, vipenga vimeshaingia.

SautiYaNne
Nimewasomea sauti ya tatu uzi wote. Wanasema Wagner wamemhurumia, ila hayo mazoezi 164 mwalimu asiyasikie.