Hiki ni kitabu au jarida? Nimekwama na Notes and Records namba 71

Binti_Dunda
Habari zenu wakuu. Nasoma ukutubi na sasa hivi nipo fildi hapa Bagamoyo, maktaba moja ndogo tu. Wiki iliyopita tumeletewa maboksi manne ya marehemu mmoja, familia ndo wametoa, nafungua la kwanza nakutana na Tanganyika Notes and Records, lile jarida la zamani la utafiti, nyingine safi kabisa nyingine mchwa wameshakula pembeni. Kati yake ikatoka namba 71 ya mwaka 1970, yote mwanzo mwisho inaongelea Dar es Salaam, mji na bandari na mkoa wake, halafu ina mhariri J.E.G. Sutton. Msimamizi wangu anasema hicho ni kitabu, nikipige namba ya Dewey (ule mfumo wa kupanga vitabu kwa mada) 967.8 nikiweke na historia ya Tanzania yaishe. Moyo unagoma, maana nikiitoa hapo atakayekuja kutafuta namba 71 atakuta pengo. Boksi la pili nalo lina vitabu vyembamba vya utafiti, kila kimoja na mwandishi wake na jina lake ila vyote vina namba za mfululizo mgongoni. Hivi navyo nivihesabu majarida? Naombeni msaada kabla sijabandika lebo, gundi ikishashika hapa ndo basi tena.

Mzee_Chumbageni
Mwanangu hapo moyo wako umekwambia kweli. Jarida ni kile kinachotoka kwa namba bila mwisho uliopangwa, leo 70 kesho 71, hata kama namba moja imebeba mada moja tu bado ni ya ukoo ule ule. Iache na ndugu zake. Ila usiishie hapo, itengenezee na rekodi yake ndogo kwenye katalogi yenye jina la toleo na la mhariri, uiunganishe na rekodi ya jarida, kwenye Koha, ile programu ya katalogi ya maktaba, inawezekana kabisa, mtu akitafuta Sutton au Dar es Salaam anaipata bila kujua kama ni jarida.

Lingine, na hili linaniuma mpaka leo. Huku Tanga kuna sehemu niliwahi kufanya kazi, mtu aliingiza gazeti la Kiongozi, lile lililoanza hapa hapa Tanga mwaka 1904, akaandika "1904–" akaacha kistari wazi kana kwamba tunayo yote. Akaja mtafiti kwa basi kutoka Dodoma, kalala gesti Ngamiani, asubuhi namfungulia faili ndani mna kurasa tatu za fotokopi. Sikujua niweke wapi uso. Andika namba ulizonazo na usizonazo, moja moja.

Mama_Rafu
Shikamoo mzee, umemaliza kuhusu 71. Dada mimi nakujibu boksi la pili. Vile usivichanganye na majarida, hizo ni monografu ndani ya mfululizo, kila kimoja ni kazi kamili inayojitegemea, kwahiyo kila kimoja kipewe rekodi yake kwa jina la mwandishi, halafu jina la mfululizo na namba yake liingie kwenye sehemu ya mfululizo. Ukiwekea vyote rekodi moja wale waandishi umewazika, maana hakuna msomaji anayekuja kaunta akasema naomba namba 9, anakuja na jina la mtu. Angalia pia nyuma ya ukurasa wa jina, ISBN ni namba ya utambulisho ya kitabu kimoja, ISSN yenye tarakimu 8 ni ya mfululizo mzima, na kitu kimoja kinaweza kubeba zote mbili kwahiyo usishtuke, ziandike zote.

Na hiyo Notes and Records katikati ya miaka ya 60 ilibadili jina ikawa Tanzania Notes and Records, namba zikaendelea. Tengeneza rekodi mbili zinazoelekezana, ya kwanza ianze 1936. Jarida la Kiswahili nalo ni hivyo hivyo, limeanza 1930 na majina limebadili zaidi ya mara moja.

Msomaji_Kaole
Mimi si mkutubi ni msomaji tu, ila nina ombi. Mkipeleka kubaindi msikubali fundi akate majalada. Nimeshashika juzuu la jarida lililobaindiwa vizuri, kitambaa chekundu na herufi za dhahabu, ndani makala niliyoitaka ipo lakini mwaka hakuna, namba hakuna, vilikuwa kwenye jalada na jalada lilishatupwa. Nimehangaika miezi miwili kujua ile makala ni ya lini.

Binti_Dunda
Asanteni sana wote, mzee shikamoo. Msimamizi nimemwonyesha majibu yenu, kayasoma yote kimya halafu akasema haya, 71 irudi kwa wenzake. Leo nimezipanga mezani kuanzia ndogo, nikapangusa ukungu kwa brashi kavu, majalada yote yapo hata ya zile zilizoliwa. 70 ninayo, 71 ninayo, 72 nimepekua maboksi yote manne haimo. Nimeiandika kwenye rekodi kwamba haipo. Kama kuna mwenye nakala ya ziada ya 72 huko Tanga aniambie, nauli ya kuifuata natoa mwenyewe.