Watafsiri wa muvi, dada wa watu mmemuua mara mbili!

Wakuu, kwema? Nina hasira na sizifichi. Leo nawasema wanaotafsiri muvi za Kihindi kwa Kiswahili, wanaoziuza, na baadhi yenu humu mnaowapigia makofi. Na sizungumzii muvi za ngumi, hizo wachekeshe wapendavyo. Nazungumzia muvi za kaka na dada za Watelugu, watu wa kusini mwa India wenye lugha yao ya Kitelugu, maana hizo ndizo zinazochinjwa kuliko zote.

Mfano ninao mkononi. Jamaa wa duka la muvi mtaani kwetu kaniwekea kwenye flashi Rakhi, ile ya 2006 ya mwigizaji Jr NTR iliyoongozwa na Krishna Vamsi. Wengi wenu mnamjua Jr NTR kupitia ile muvi ya RRR. Kwenye Rakhi ndiyo kwanza kijana, bado kibonge. Anacheza mtu mwenye ndoto ya kuwa stesheni masta, na ana mdogo wake wa kike, Gayatri, anayempenda kama roho yake. Gayatri anaolewa. Wakwe wanamchoma moto. Kuanzia hapo kaka mtu anageuka, anaanza kuwaua wanaume wanaotesa wanawake, mpaka anasimama mahakamani kujieleza. Hiyo ndiyo muvi.

Sasa sikilizeni alichofanya mtafsiri. Dada anaungua, mtu mzima na akili zake anashika maiki anasema: "Mama weee, leo mshikaki!" Halafu anacheka. Hajamaliza kucheka, kaka anamkuta mdogo wake ameungua, sura yote ya Jr NTR imejaa kwenye kioo, sehemu ambayo hata asiyejua neno moja la Kitelugu angetakiwa aachwe atazame tu kwa utulivu. Jamaa anaanza kutuma salamu! Salamu kwa wana wa kijiweni kwake, salamu kwa fundi simu wake, salamu kwa shemeji yake aliyemaliza kidato cha nne. Msiba wa watu umegeuzwa kipindi cha salamu. Alipokuja kukumbuka kuna muvi inaendelea, kaka kashaanza kuua, naye anapiga kelele "steringi kachafukwa!"

Kachafukwa na nini, wewe? Umetupa nafasi ya kujua?

La pili ndilo lililonitoa moshi. Akaeleza kwamba wakwe wamekasirika kwa sababu kaka mtu "alikula mahari". Yaani kachukua mila ya kwetu kaibandika kule, na habari nzima ikapinduka miguu juu. Kule India upande wa binti ndio unaotoa: fedha, dhahabu, pikipiki, gari, kadiri upande wa mwanaume utakavyodai. Na madai hayaishi siku ya harusi, yanaendelea, na binti ndiye anayebaki mateka mikononi mwa wanaodai. Serikali yao ilipiga marufuku jambo hilo kwa sheria ya 1961. Halikukoma, mpaka 1986 wakaongeza kifungu kwenye sheria ya jinai: mke akifa kwa kuungua au kwa kifo kisicho cha kawaida ndani ya miaka 7 ya ndoa, na ikionekana alikuwa ananyanyaswa kwa ajili ya hayo madai, mume na ndugu zake wanahesabiwa kuwa wamesababisha kifo. Gayatri ni sura ya wanawake hao. Wewe umewaambia watazamaji wote wa mtaa kwamba kosa ni la kaka yake mlafi. Mtu aliyefiwa umemfanya mtuhumiwa!

Halafu nyimbo. Zote zimekatwa. Nilipomuuliza muuzaji akanijibu kwa kujiamini kabisa, "Bro, watu hawataki nyimbo, zinapoteza muda." Sawa, kwenye muvi ya mabomu unaweza kukata wimbo wa kule Uswisi ambako wapenzi wanakimbizana kwenye theluji, hakuna atakayelia. Kwenye muvi ya ndugu wa damu, wimbo ndio unaobeba utoto wao, ndio unaopitisha miaka, ndio unaofunga harusi. Ukiukata, dada anatokea tu, anaolewa, anakufa, dakika ishirini. Nani atalia kwa mtu aliyemjua dakika ishirini?

Mnaobisha hebu tafuteni Raktha Sambandham ya 1962. Maana yake undugu wa damu. Ni nyeusi na nyeupe, imeongozwa na V. Madhusudhana Rao, na kaka ni N. T. Rama Rao, NTR mwenyewe, babu yake huyu Jr NTR. Ndiyo, babu na mjukuu, wote wamecheza kaka wa kuliliwa, kati yao miaka 44. Dada ni Savitri. Hawa wawili watazamaji wa Kitelugu walishawazoea kama wapenzi, wameshaona Missamma ya 1955, kisha ghafla wanaambiwa hawa ni ndugu tumbo moja. Na watu wakaamini, kwa sababu Savitri alikuwa na macho ambayo yakikuangalia kama dada, ni dada. Mwigizaji Keerthy Suresh alipokuja kuigiza maisha ya Savitri kwenye muvi ya Mahanati ya 2018 akapata tuzo ya taifa. Nani kati ya watafsiri wetu amewahi hata kulitaja jina la Savitri?

Kwenye Raktha Sambandham, Raju na Radha ni mayatima, wanakua pamoja mpaka maisha yanawanyookea. Dada anampenda Anand, kaka kwanza anawaka, halafu anamwoza mwenyewe. Baadaye nyumba inaingiliwa na shangazi yake Anand, fitina juu ya fitina, mpaka ndugu wanatengana. Shangazi kachezwa na Suryakantham, mwanamke aliyecheza wakwe na mawifi wakorofi kwa ustadi hivi kwamba Watelugu wanasimulia mpaka leo kuwa watu waliacha kuwapa binti zao jina hilo. Kuna wimbo wa kubembeleza watoto, "Chanduruni Minchu", wameuimba Ghantasala na P. Susheela. Kaka anambembeleza mtoto wake kivyake, dada naye wa kwake kivyake. Wimbo mmoja, mioyo miwili, na fitina katikati. Kata huo wimbo uone kama kuna kitakachobaki!

Mwisho kaka kapofuka. Anamrudia dada yake akiwa haoni. Wanafia pamoja, wameshikana.

Najua mtakachosema, maana nilishakisikia banda umiza: "Muvi gani steringi anakufa?" Haya ndiyo malezi tuliyopewa na hawa watu. Steringi hafi, adui ana kipara, dada ni chambo cha kuanzishia ngumi. Watelugu wenyewe wana makosa yao hapo, sitawatetea, kuna misururu ya muvi zao ambamo dada kazi yake ni kuolewa vibaya ili kaka apate sababu ya kuvunja watu mbavu. Hata Rakhi yenyewe ina harufu hiyo, Gayatri angepewa maneno mengi zaidi kabla ya kufa. Lakini ubovu wa muongozaji nitauona mwenyewe kama mtaniachia muvi nzima. Mkiniletea mabaki, nitajuaje nani kaharibu?

Na hivi kwa nini kule ndugu wa kiume ana uzito huo? Kwa sababu binti akiolewa anahama, na kaka ndiye mlango wa kurudia kwao. Kule Telangana, jimbo la Watelugu, kuna sikukuu ya Bathukamma, wanawake wanapanga maua kama mnara mdogo, wanayazunguka wakiimba na kupiga makofi, na walioolewa wanarudi nyumbani kwa wazazi. Kwenye harusi za Kitelugu bibi harusi anabebwa ndani ya kapu la mianzi na wajomba zake mpaka jukwaani. Mjomba, wakuu! Yaani kaka wa mama. Undugu wa kaka na dada haufi na ndoa, unarudi kizazi kinachofuata ukiwa umebeba kapu. Mtu wa Pwani asiyejua uzito wa mjomba yuko wapi? Hiki kitu tungekielewa kuliko Wazungu wote, kama mtafsiri angenyamaza sekunde thelathini.

Sasa kuna kundi lingine, la wajuaji, linaloita kila kitu Bollywood. Nyie nanyi! Bollywood ni Mumbai, Kihindi. Hizi ni Hyderabad, na zamani zilitengenezwa Madras. Watu zaidi ya milioni 80 wanazungumza Kitelugu, wana majimbo mawili, Andhra Pradesh na Telangana, waliyogawana mwaka 2014. Tena nikwambieni kitu. Hadithi ya Raktha Sambandham ilitoka kwa Watamil, majirani zao wa Kusini, kwenye muvi ya Pasamalar ya 1961, Sivaji Ganesan akiwa kaka na Savitri huyu huyu akiwa dada. Aliigiza msiba ule ule mara mbili kwa lugha mbili ndani ya miaka miwili. Mwaka 1962 ndipo ikatengenezwa ya Kihindi, ikaitwa Rakhi (siyo hii ya Jr NTR), na Ashok Kumar na Waheeda Rehman, na Ashok Kumar akachukua Filmfare, tuzo kubwa ya muvi za Kihindi, kwa hiyo. Kwa hiyo mnaponiambia "Sauzi wanaiga Bollywood", Sauzi yaani India ya Kusini, mjue kuna siku Bollywood ilikwenda Kusini kuazima machozi, ikarudi nayo na tuzo juu.

Kuna jambo linanichekesha kwa uchungu. Kijana wetu wa Kimasai, Kili Paul, kapata umaarufu India nzima kwa kufuatisha nyimbo zao kwa midomo, na pembeni yake dada yake Neema. Kaka na dada kutoka Tanzania, waziri mkuu wa India aliwataja redioni Februari 2022. Wahindi waliwapenda kwa sababu gani? Nyimbo! Nyimbo zile zile ambazo muuzaji wa mtaani kwangu anazifuta kwenye muvi kwa kuwa "watu hawazitaki". Nani hao watu? Niletee mmoja.

Kwa aliyeandika hapo chini kwamba nalilia muvi za kale za watu waliolala: huyo NTR unayemwita wa kale aliingia kwenye siasa, akaanzisha chama 1982, miezi tisa baadaye akawa waziri kiongozi wa Andhra Pradesh, na watu wakimwita Anna, kaka mkubwa. Serikali yake ndiyo iliyobadilisha sheria ya mirathi ya Wahindu jimboni, 1986, binti asiyeolewa bado akapata haki sawa na kaka zake kwenye mali ya ukoo. Serikali kuu ya Delhi ilifanya hivyo 2005. Siasa zake nyingine mtajadili kwenye uzi wenu. Ninachosema, mtu aliyekufa kwa ajili ya dada kwenye pazia alikuja kugusa urithi wa dada wa kweli. Na mtafsiri wako anamwita "yule mzee mwenye mashavu".

Na wewe uliyesema bila watafsiri bibi yako asingeelewa chochote, hapo nakubali, na ndiyo maana nagombana. Simtaki mtafsiri afe njaa. Anayejua kazi anaibeba muvi, anabadili sauti, bibi analia kwenye kochi bila kujua kusoma maandishi ya chini. Kipaji kipo. Ninachotaka ni hiki: kwenye kifo funga mdomo. Salamu weka mwanzo au mwisho, usizike nazo mtu. Ukiwa hujui mila ya watu uliza, Wahindi wamejaa Kariakoo na Mombasa toka enzi za mababu, kuna atakayekukatalia? Nyimbo ziache, asiyezitaka ana kidole cha kupeleka mbele.

Na muuzaji akikupa iliyokatwa mrudishie flashi, akuwekee nyingine. Mimi wangu kaninunia, ananiita profesa wa Wahindi. Nimemwambia profesa anataka Raktha Sambandham nzima, nyimbo zote, akiipata nampa buku mbili. Anasema hajawahi kusikia muvi kama hiyo, kwani ndani kuna ngumi?

Wasimamizi, naomba msiuhamishie huu uzi kwenye jukwaa la vichekesho.